Kengele ya Saa Tisa Imefika Toronto

Weston, Toronto

Shikamoo Baba,

Mgongo unasemaje? Mdogo wangu Festo kaniambia bado unavuta kamba ya kengele ya saa tisa kanisani kwa mkono mmoja, mwingine umeshika kiuno. Si umwachie yeye hata siku mbili? Na mibuni imetoa maua? Mimi mzima, ila baridi ya huku inafanya ile ya Mbinga ionekane mchezo.

Baba, unakumbuka nilipofeli kidato cha nne ukasema, "Deo, kitabu kimekukataa"? Basi soma hii taratibu: kitabu kimenikubali.

Ni mwaka wa pili najifundisha Kilatini ndani ya basi la kwenda ghalani Brampton. Aliyenitia wazimu huo ni mtawa mmoja wa Uingereza wa zamani sana. Aliingia monasterini akiwa na miaka saba, hakusafiri mbali, lakini kaandika juu ya historia, mwezi na maji ya bahari, tarehe ya Pasaka, hata kuhesabu kwa vidole. Mtu hajatembea, kajua dunia. Nikasema huyu ndiye wangu.

Kuna chuo kina darasa la kusoma maandishi yake. Nikaenda. Profesa, mama mmoja mfupi mkali, akauliza cheti. Sina. Akasema, "Njoo Jumamosi usome ukurasa mmoja mbele ya wenzako. Ukishindwa, tusisumbuane."

Sasa ujue, ghalani wananiita Saa Tisa. Wiki ya kwanza niliambiwa nifike "nine", yaani saa tatu yetu ya asubuhi. Nikaandika kwenye daftari saa 9, kesho yake nikaisoma Kiswahili. Nimetokea mchana, shifti karibu inaisha. Otieno, Mkenya tunayepanga naye maboksi, alicheka mpaka akakaa chini. "Bro, umekuja kutufungia mlango?"

Jumamosi nikapewa barua ya mwanafunzi wa yule mtawa, inayoeleza siku mwalimu wake alivyokufa. Ilipofika saa ya tisa, mzee aliomba sanduku lake, akawagawia wenzake pilipili manga, vitambaa na ubani. Nilisoma nikifuata mstari kwa kidole. Profesa akauliza, "Hiyo saa ya tisa ni saa ngapi?"

Kijana mmoja mwenye digrii mbili akawahi: "Nine, asubuhi," yaani saa tatu yetu.

Nikasema hapana, ni mchana, jua limeanza kushuka. Watu wa enzi hizo walihesabu saa kama sisi, tangu jua linapochomoza. Saa tatu ni asubuhi, saa sita jua liko utosini, saa tisa ni saa tisa.

Profesa akavua miwani. "Umesoma wapi hilo?"

"Sijasoma. Baba yangu ndiye anayepiga kengele ya saa hiyo."

Akacheka, Baba, yule mama asiyecheka. Akachukua orodha akaandika jina langu kwa kalamu ya wino. Naanza Januari. Otieno nilipomwambia akasema, "Kumbe ulikuwa unafika kazini kwa saa za watakatifu."

Msalimie Mama, mwambie soksi alizofuma ndizo nilizovaa siku hiyo. Shangazi Kresensia na kwaya yake nawasalimu. Festo aache uvivu, akupokee kamba.

Ukipiga ya saa tisa, huku ni saa moja asubuhi, niko ndani ya basi, daftari mapajani. Siku utakayopata barua hii, vuta mara moja zaidi. Wakikuuliza kama umekosea hesabu, waambie hiyo ni ya Deo.

Mwanao,
Deo Saa Tisa