Drahomíra Šebestová, Miguu ya Binti Mfalme

Mwaka umetimia, Mama, tangu asubuhi ile ya Januari ulipotutoka, na viatu vyako bado vimejaa pale mlangoni. Jozi thelathini na moja. Baba amekataa katakata visiguswe.

Wageni waliokuja kutupa pole walidhani ulipenda mitindo. Tukawaeleza kuwa ilikuwa kazi. Picha za filamu zikishapigwa, wewe uliingia kwenye chumba chenye giza pale studio, ukaitazama miguu ya mwigizaji kwenye skrini, ukatembea sambamba naye mbele ya kipaza sauti ili watu wasikie hatua. Miaka thelathini na minane ulitembea kwa niaba ya malkia, wauguzi, walevi na askari. Jina lako halikuandikwa mwisho wa filamu hata moja. "Nani asome jina la miguu?" ulikuwa ukisema.

Uliiba unga wa viazi jikoni mwako mwenyewe, ukaufinya ndani ya mfuko wa ngozi, na Prague nzima ikasikia theluji ikikanyagwa. Jumapili hizo tulikula mkate badala ya matonge ya viazi. Tuliponuna ulitucheka, kisha ukatugawia nyama yako.

Kitu kimoja tu kilikuuma. Ni ile filamu ya hadithi ya kifalme inayorushwa kila mkesha wa Krismasi, pale binti mfalme anaposhuka ngazi. Wiki ya kurekodi hatua zake ulikuwa umeteguka kifundo cha mguu baada ya kuteleza ukishuka kwenye tramu, ukanyamaza kimya usije ukapokonywa kazi. Machoni binti mfalme anateremka mwepesi kama unyoya, lakini masikioni mguu wa kulia unaburuta. Mwongozaji alikuwa na haraka, hakusikia. Wewe ulisikia. Kila Krismasi, ngazi zikikaribia, uliinuka. "Naenda kumwangalia samaki," na samaki tulikuwa tumeshamla. Baba akikufuata jikoni, ulimwambia, "Bohumír, nchi nzima inanisikia nikichechemea."

Mwezi wa tano fundi wa sauti, msichana mwenye adabu, alimpigia Baba simu. Filamu ile ilikuwa inasafishwa upya, picha na sauti.

"Mzee, tumekuta kasoro pale kwenye ngazi. Tunaweza kuinyoosha, wala hakuna atakayejua."

Mwanao Radim alisema ikubaliwe, maana ndivyo ulivyotaka maisha yako yote. Binti yako Zdena alilia tu. Tunajua Baba alikuwa akipima aibu yako na upweke wake, na tunakuomba umsamehe kwa alichochagua.

"Hiyo si kasoro, binti yangu," alimwambia fundi. "Huyo ni mke wangu. Mwacheni alivyo."

Krismasi hii hakuna aliyekwenda jikoni. Ngazi zilipofika, Baba aliongeza sauti, akainama mbele kwenye kiti, akawa anahesabu kwa midomo. Ngazi ishirini na mbili, na mguu wako ukiburuta hadi ya mwisho.

"Kafika," akasema, akajipangusa macho kwa kitambaa cha meza.

Wanaokukumbuka ni mumeo Bohumír, watoto wako Zdena na Radim, na dada yako Květa, ambaye peke yake aliruhusiwa kuchukua jozi moja, zile buti za askari.

Hatutakusahau kamwe, Mama. Tembea polepole, tunakusikia.