Jina Nililolikwangua

Jumanne, 3 Machi

Leo siku ya kumimina povu la magodoro kiwandani. Mdogo wangu Chuma amekwama kwenye ngazi za nyumbani, ngazi saba tu, akakaa kwenye ya nne kama mzee aliyechoka na dunia. Mdomo umekuwa wa kijivu. Huyu ndiye aliyeitwa Chuma kwa sababu alikuwa anabeba magodoro manne kichwani na la tano kwapani!

Nikamuuliza, kifua? Akasema vumbi. Mama naye jikoni: vumbi. Vumbi gani hilo linalokuja Jumanne na Ijumaa tu?

Nimeanza kuandika siku anazobanwa. Nilipaswa kuanza zamani. Mimi ndiye niliyempeleka pale kiwandani ninapotunza stoo, miaka minne sasa. Nilimwendea Meneja mwenyewe, nikasema mdogo wangu ni mtu wa kazi, hana maneno. Kweli hana maneno. Sasa hata pumzi hana.

Alhamisi, 5 Machi

Hospitali, foleni tangu saa moja asubuhi. Daktari ni msichana mdogo, lakini anauliza maswali kama mpelelezi. Kazi gani? Kiwanda cha magodoro, kwenye mtambo. Unashika nini? Chuma akajibu bila kupepesa: Dume.

Daktari akaweka kalamu chini. Dume ndiyo nini?

Ikabidi nieleze mimi. Kwetu kuna mapipa ya aina mbili. Jike ni zito, kama asali. Dume ni jepesi kama maji, lina harufu kali ya kukata pua. Yakikutana kwenye mtambo, povu linafura, ndiyo godoro hilo. Vijana wa mtambo wana utani wao juu ya jambo hilo, sikuusema mbele ya daktari. Chuma akausema. Daktari akacheka mpaka akafuta macho, halafu akaacha kucheka ghafla.

Akasema anashuku hii ni pumu ya kazini. Ipo fomu yake. Fomu ikikubaliwa, kiwanda kinalazimika kumhamisha Chuma sehemu nyingine na kumtibu, hakiwezi kumfukuza. Lakini fomu ina mstari mmoja: jina la kemikali. Siwezi kuandika Dume pale, dada. Hata nikiandika "dawa za godoro" itarudi siku hiyohiyo.

Amempa kibomba cha plastiki cha kupuliza, chenye namba za kupima pumzi. Apulize asubuhi, mchana, jioni. Mimi niandike. Hilo naliweza.

Jumapili, 8 Machi

Ijumaa jioni, baada ya kumimina: 230. Jumamosi jioni: 310. Leo: 390.

Siku mbili bila kiwanda na anapuliza kama tarumbeta. Amepanda ngazi akipiga mluzi. Mama akasema, si unaona, amepona. Namba hazijui kufurahi mapema.

Jumatatu, 9 Machi

Mzigo wa mwezi umeingia. Mapipa ishirini ya Dume, ishirini na nane ya Jike.

Niandike kazi yangu ilivyo, kwa sababu sijawahi kuiandika. Pipa likishuka lina lebo ya waliolitengeneza. Mimi nachukua ndoo ya maji moto na kisu kipana cha fundi rangi, nailowesha lebo, naikwangua mpaka bati linang'aa. Kisha naweka kibao kilichotobolewa, napuliza rangi nyeusi: D au J. Kwenye leja naandika D 20, J 28. Basi. Meneja wa kwanza ndiye aliyeanzisha, alisema washindani wasijue tunanunua wapi. Nikaona ni akili ya biashara. Hata nilijisifu kwamba hakuna akwanguaye safi kama mimi. Nimekwangua miaka kumi na moja.

Leo nimesoma kabla ya kukwangua. Nilikuwa naliona jina lile kila mwezi kama mtu anavyoona tangazo ukutani: macho yanaona, kichwa kinapita. Leo nimelinakili herufi kwa herufi nyuma ya kiganja, kwa kalamu ya wino, nikavaa glavu juu yake.

Toluini diaisosianeti.

Chini yake mchoro wa mtu kifuani pamepasuka kama nyota. Mchoro huo nao nimeukwangua kila mwezi. Ishirini kila mwezi!

Jumanne, 10 Machi

Kumimina. Asubuhi 400. Jioni 220. Hakula.

Jumatano, 11 Machi

Nimekwenda kwa mwalimu wetu wa kemia. Amestaafu, ana kibanda cha kutoa nakala karibu na posta, miwani imefungwa kwa uzi. Nikamwonyesha karatasi niliyolinakilia jina. Hakunisalimia hata, akasema, wewe si yule wa dawati la nyuma aliyekuwa anachora maua pembeni mwa daftari? Shikamoo mwalimu. Marahaba, umechelewa miaka ishirini, kaa.

Akachora nyuma ya nakala iliyoharibika. Naitrojeni, kaboni, oksijeni, mstari mmoja. Kaboni katikati imebanwa na wenziwe, huku mikono miwili, kule mikono miwili. Unaiona? Imevutwa pande zote. Mtu aliyevutwa hivyo anatafuta nini? Wa kumshika, nikasema. Haya, kumbe hukuchora maua siku zote.

Hiyo ndiyo isosianeti, akasema. Si kitu kimoja. Ni jina la ukoo. Chochote chenye kile kipande cha atomi tatu, kilichoshikwa upande wa naitrojeni, ni mwana wa ukoo huo. "Dai" maana yake hivyo vipande ni viwili. "Toluini" ni mwili uliovibeba. Kikikutana na lile zito lenu vinashikana, mnyororo mrefu, godoro hilo. Kikikutana na maji kinatoa hewa, hewa ndiyo inayofurisha. Ndiyo maana ni kitu kizuri sana cha kazi. Nusu ya nyumba yako imetengenezwa na ukoo huo.

Nikauliza, na kifuani?

Akavua miwani. Kifuani kuna maji, kuna nyama, na chenyewe hakichagui wa kumshika. Mwili ukishakijua kwa kushikwa namna hiyo, unakuwa adui yake wa maisha. Baadaye hata chembe inatosha kufunga koo. Kisha akaniambia nisiache mtu aseme ni ile sumu ya sayanaidi. Majina yanakaribiana, tabia mbalimbali. Ukilitumia vibaya mbele ya watu wa kiwanda watakucheka, na wakishakucheka umekwisha.

Akanifanya nilirudie neno mara tano, kama darasani. Mara ya tano nililia. Akajifanya anapanga karatasi.

Sikuuliza swali nililoendea. Kwamba je, aliyelifuta jina ana kosa gani.

Alhamisi, 12 Machi

Daktari ameliandika jina kwenye fomu. Nimemtazama akiandika, kwa herufi kubwa. Namba za kibomba amezipanga kwenye mchoro, zinapanda wikendi na kuporomoka siku za kumimina, kama meno ya msumeno. Akasema hahitaji ushahidi mwingine. Akamgeukia Chuma: usiingie tena kwenye chumba cha mtambo. Si kesho, si mwakani. Safari ijayo unaweza usifike kwangu.

Nyumbani Chuma akalipuka. Dada, nani alikutuma? Utanifukuzisha kazi! Nikiulizwa naumwa nini nitasema naumwa dada! Nikamwambia, mdogo wangu, utakufa. Akasema wanaokufa ni wasio na kazi.

Alikohoa kabla ya kumaliza sentensi, lakini aliimaliza.

Fomu imepelekwa kiwandani leo saa nane mchana. Nakala ninayo.

Ijumaa, 13 Machi

Chuma hakwenda kazini. Nilificha viatu vyake, na sioni aibu. Jioni 350, siku ya kumimina! Mara ya kwanza.

Nimerudi kutoka kazini nimemkuta Mama amevaa kitambaa kizuri cha kichwa. Alikuwa na mgeni. Meneja! Amekuja kwetu mchana mimi nikiwa stoo nahesabu glavu, amekaa kwenye kiti changu, amekunywa chai. Mtu mpole sana, anasema Mama. Anamwita mama kama amezaliwa humu ndani. Akauliza habari za utoto wa Chuma. Alikuwa mtoto wa namna gani? Alikuwa anakohoa? Ah, mtoto gani asiyekohoa, mwanangu. Kuna mwaka alikohoa mwezi mzima.

Meneja akaliandika hilo. Mama akatia saini.

Nikamwambia, Mama, amekutia maneno mdomoni. Akasema, maneno gani, si kweli alikohoa? Ilikuwa kifaduro, Mama! Darasa zima lilikohoa! Akakaa kitako, akashika tama. Halafu akasema kwa sauti ndogo kwamba Meneja amemwahidi kuwa Chuma atarudi kazini Jumanne.

Niliosha vikombe. Cha Meneja nilikiosha mara mbili.

Jumamosi, 14 Machi

Hatusemezani. Chuma ameviona viatu vyake nilikovificha. 380.

Jumatatu, 16 Machi

Nimeitwa juu saa nne. Meneja alikuwa na leja zangu zote kumi na moja mezani, zimepangwa vizuri, migongo upande mmoja. Amezisifu! Amesema hajaona mtunza stoo mwenye mwandiko kama wangu. Hakuna kufutafuta, hakuna wino uliomwagika.

Kisha akasoma barua aliyokwisha kuichapa. "Mimi mtunza stoo nathibitisha kwamba kwa mujibu wa leja nilizoziandika kwa mkono wangu, stoo ya kiwanda hiki haijawahi kupokea wala kutoa kitu chochote kiitwacho isosianeti."

Nikasema, lakini Meneja, unajua kilichomo kwenye Dume. Akatabasamu. Dume ni lugha ya vijana. Mimi nauliza leja inasema nini. Leja inasema D. Nionyeshe ukurasa wenye neno la daktari, ukurasa mmoja tu, na mimi naichana hii barua mbele yako.

Nilifungua. Mpuuzi mimi, nilifungua kweli, kana kwamba huenda nililiandika nikasahau. D 20. D 18. D 20. D 22. Mstari safi chini ya kila jumla, kwa rula.

Na ni kweli! Hiyo ndiyo inayonikaba. Hakuna uongo kwenye barua ile hata neno moja. Nikitia saini sitakuwa nimesema uongo, nitakuwa nimemzika mdogo wangu kwa ukweli mtupu, kwa mwandiko mzuri.

Nina mpaka kesho saa nane, kabla ya kumimina. Nikitia saini: Chuma ana pumu ya tangu utotoni, anarudi mtamboni kwa hiari yake, karatasi ya hiari tayari amesaini Jumamosi. (Ndiyo maana alivitafuta viatu.) Nisipotia: atapimwa upya na daktari wa kampuni, na mimi nitajadiliwa. Alisema hivyo, "utajadiliwa", kama mtu asemaye utaongezwa sukari.

Niliomba nirudi na leja stoo, nizipitie. Akakubali. Alifikiri natafuta ukurasa.

Jumanne, 17 Machi

Naandika stoo, juu ya pipa. Saa saba na dakika kumi mchana.

Nimefunga mlango kwa ndani tangu saa tano. Ufunguo ni mmoja. Mapipa ya leo sijayatoa, na bila Dume hakuna kumimina.

Tangu saa tano nasahihisha leja. Kalamu nyekundu. Kila penye D, pembeni naandika jina zima, toluini diaisosianeti, kisha tarehe ya leo, kisha saini yangu. Sifuti kitu. D ibaki ilipo, watu waone ilivyokuwa. Nimeanzia mwezi alioajiriwa Chuma. Watasema nimechezea vitabu vya kampuni. Waseme. Kila mstari una tarehe ya leo, sijamdanganya mtu kwamba niliandika zamani. Ukurasa wa kwanza wa kila leja nimeongeza: "Lebo zilikwanguliwa nami, kwa agizo." Kalamu iliacha doa kwenye "nami". Ndiyo wino pekee uliomwagika kwa miaka kumi na moja.

Miezi thelathini na mmoja tayari. Imebaki ya Chuma kumi na minane, halafu yote ya kabla yake. Kuna waliomimina kabla yake. Yule mrefu aliyerudi kwao na "kifua". Yule wa zamu ya asubuhi tuliyemcheka kwa kukohoa kama gari bovu. Nilicheka na mimi.

Saa saba na nusu. Meneja amegonga. Amesema kwa upole nifungue, tuzungumze kama watu wazima. Nikaendelea kuandika. Akaondoka, viatu vyake nimevisikia mpaka ngazini.

Thelathini na mbili. Hapana, thelathini na nne. Macho yanachoka.

Saa nane kasoro kumi. Wamemleta Chuma. Hawakumtuma mtu mwingine, wamemleta yeye. Dada, anasema, fungua basi. Nipe glavu, zamu inaanza. Usinifanye mjinga mbele ya wenzangu.

Namsikia anavyopumua mlangoni. Mapipa ya Dume yamepangwa upande huu, matatu yana vifuniko vilivyolegea tangu jana, na mlango una uwazi chini, vidole viwili, harufu inapitia hapo. Nimemwambia ondoka hapo mlangoni, Chuma, sogea mbali, nenda nje kabisa. Anasema haendi bila mapipa.

Anakohoa. Thelathini na sita. Amekaa chini, nimesikia mgongo wake ukishuka kwenye mbao. Chuma, sogea! Hajibu, anakohoa tu, na ufunguo ninao mkononi, na nikifungua harufu yote ya humu itamwangukia, na nisipofungua