Barua za Bibi na Gombo la Kigiriki Lililoungua

Jumatatu, Bawshar. Joto lilianza kuchoma tangu asubuhi, lakini leo sikuiahirisha kazi niliyokuwa naiogopa.

Wacha nikiri kwanza. Barua ambazo bibi alimwandikia mama kutoka Unguja hazikupotea tulipohama kutoka mtaa wa Wattaya, kama mama anavyodhani.

Nilizichoma mimi.

Siku ile nilikuwa nachoma karatasi zenye jina la Mwenyezi Mungu, kurasa za juzuu zilizochanika na madaftari ya madrasa, maana hatuzitupi jaani. Kulikuwa na bunda limefungwa kwa uzi. Nikaona "Bismillahi" juu, sikusoma zaidi. Nikalitia kwenye debe la moto, nikafunika ili majivu yasipeperuke. Lilipopoa ndipo nikauona mwandiko wa bibi. Bunda lilikuwa jeusi tii, ila halikuwa majivu. Nimelificha kabatini miezi mitano, mimi ambaye kazi yangu ni kukarabati hati kuukuu za watu wengine. Na kila mama akiuliza, namjibu nitatazama stoo.

Aibu iliyoje!

Jana nimesoma habari za gombo la mafunjo, yale matete yaliyotengenezewa karatasi zamani, la huko Ugiriki. Lilitiwa kwenye moto wa kumchomea maiti, zaidi ya miaka elfu mbili nyuma, na likaja kuonekana makaburi yalipofukuliwa wakati wa ujenzi wa barabara. Ardhi ya pale ina unyevu, mafunjo mazima yangeoza. Hili lilipona kwa sababu liligeuka mkaa. Wataalamu wakalibandua kipande kwa kipande, wakalisoma.

Basi na mimi naweza, nikajiambia.

Leo nimebandua karatasi ya kwanza. Ukiinamisha taa, wino unaonekana. Lakini bibi alikuwa haweki nukta kwenye herufi zake za Kiarabu, na aliyebaki duniani anayeuweza mwandiko ule ni mama peke yake.

Nikampelekea. Nikamwambia yote.

Akakiweka chini kikombe chake cha chai. "Miezi yote hii wanitazama usoni na huniambii," akasema. Nililia. Hakunibembeleza.

Kisha akanyoosha mkono. "Nletee miwani."

Alisoma polepole, kidole kikipita juu bila kugusa. "Mwanangu, nna hamu nawe, na ule mkeka wako..." Hapo pameungua.

Sijasamehewa, na sikuomba nisamehewe haraka. Kesho nikitoka kazini ni karatasi ya pili, na nitazibandua zote, hata zikinichukua mwaka.

Nimerudi mezani sasa hivi kufunika vifaa vyangu. Mama ameiacha miwani yake pale, kando ya taa, kwa ajili ya kesho.