Pasi ya Mnadani na Kanzu ya Salimu

Mama yangu,

Nimekosa, na sina wa kumwambia ila wewe.

Ile pasi yako ya makaa, uliyoinunua mnadani na mpini wake ulioungua, bado ina mambo yake. Mtaa mzima ulijua: mwanamume ambaye kanzu yake imepigwa na pasi ile, hata awe wapi, hurudi mlangoni pale ilipopigwa. Unamkumbuka mume wa jirani, aliyetoroka miaka mitatu? Alitokea kwetu, mkewe akaja kumchukua huku akimsuta njia nzima. Tulicheka mpaka ukashika mbavu.

Ndiyo maana kaka Salimu alipopelekwa vitani Burma, ukawa unaipiga kanzu yake kila Ijumaa. "Usiiwate, mwanangu," uliniambia, "usiache kuipiga hata mimi nikiwa sipo."

Arubaini yako ilipotimia niligawa nguo zako sadaka, kama tunavyogawa za kila maiti wetu. Nilikuwa nalia, sikuikunjua ile leso yako ya kisutu. Kanzu ya Salimu ilikuwa ndani yake.

Ijumaa iliyofuata hamali mmoja wa Shimanzi akabisha hodi, kaivaa kanzu ile. Alisema alikuwa akienda Feri, hajui miguu imemletaje huku. Mwalimu wa Bondeni, niliyempa nguo azigawe, amenikataza kuirudisha, hata kwa kuinunua. Asema thawabu za sadaka hiyo ni zako. Nitakunyang'anyaje, Mama, nawe huko uliko huna kingine? Nimemshonea Salimu kanzu nyingine, nikaipiga pasi. Lakini hajaivaa, pasi itamjuaje?

Basi hamali huja kila Ijumaa. Huketi barazani na shuka yake, nami huipokea kanzu mlangoni, nikaipiga huku nikilitaja jina la Salimu. Ni mtu mpole, mwenye shukrani. Namchukia, na naona haya kumchukia.

Leo hakupiga hodi. Amesema tu nyuma ya mlango, "Nimerudi." Nimekimbia na pasi mkononi, majivu yakamwagika ukumbi mzima. Alikuwa yeye hamali.

Mwenyezi Mungu akulaze pema, Mama. Nakuahidi sitaiwata, makaa ya Ijumaa hayatakosekana maadamu ni hai. Wewe niombee tu, maana simjui tena ninayemrudisha, Salimu au hamali.

Mwanao,
Zuhura