Maua ya Hilda

Rochdale, 11 Novemba 1957

Mwanangu Norris,

U hali gani? Kifua kimepoa, au London bado inakuonea? Sisi wazima, ila goti langu lina mambo yake. Nimefurahi kusikia barua zangu zinakuchekesha. Basi leo nina habari nyingine, lakini hii ifie hapo hapo.

Jana tulikwenda kwenye mnara wa mashujaa. Mama yako mdogo Hilda akaweka maua ya mchumba wake Wilfred, kama kila mwaka. Njiani akanishika mkono: “Dada, Wilfred hakufa vitani. Yuko Leeds, ana duka la viatu na wajukuu. Aliniacha tu.”

Miaka arobaini mtaa mzima unampa pole! Nilitaka kucheka, nikalia. Usimwambie mtu.

Mama

London, 12 Februari 1958

Mama mpenzi,

Shikamoo. Kifua changu hakijambo, pole na goti. Mama, nimepata! Miaka sita ya kuandika vichekesho vya dakika mbili, leo redio imekubali mchezo wangu mzima. Ni Jumapili, tarehe 2 Machi, baada ya chakula cha mchana. Waalike majirani. Mama Mdogo naye asikose.

Mwanao,
Norris

Rochdale, 3 Machi 1958

Norris,

Afya yangu usiiulize. Tulikuwa watu kumi na mmoja sebuleni, nyama ya kuoka bado mezani. Hilda alikaa karibu kabisa na redio, amevaa kofia ya kanisani kwa heshima yako.

Likaanza kusema lile jimama lako linalomwekea maua mwanamume aliye hai, muuza viatu. Watu wakavunjika mbavu. Hata mimi nilicheka, Norris, kabla sijaelewa. Bibi Entwistle wa nyumba ya pili akamgeukia Hilda: “We! Si kama wewe huyo?” Alikuwa anatania. Lakini Hilda alishakuwa mwekundu hadi shingoni, na kila mtu akaona.

Hilda hakuiangalia redio, aliniangalia mimi. “Nilikwambia wewe tu,” akasema, akachukua mkoba wake.

Leo nimegonga mlango wake mara tatu. Nimemsikia akitembea ndani. Hakufungua. Siri nilikupa wewe kwa sababu ni mwanangu, ukaenda kuiuza. Sina dada tena, na aliyeninyang'anya nimemzaa mwenyewe.

Mama

London, 8 Machi 1958

Mama,

Shikamoo. Sijala vizuri tangu barua yako ifike. Nisamehe. Nilibadili jina, nikabadili mji, nikamfanya mnene, nikadhani yatosha. Walinipa wiki moja tu, nami sikuwa na hata mstari mmoja. Barua yako ilikuwa mezani. Mama Mdogo nitamwandikia mwenyewe kumwomba radhi.

Watu wameupenda mno. Wanataka mingine mitano kabla ya kiangazi. Hebu niambie, Hilda alipotoka, Bibi Entwistle alisemaje? Na wale wengine? Niandikie kila kitu, Mama, kama zamani. Hakuna anayesimulia kama wewe.

Mwanao,
Norris

Rochdale, 30 Machi 1958

Norris,

Natumai u mzima. Sisi wazima.

Jumanne mvua ilinyesha. Jumatano ilinyesha. Alhamisi haikunyesha.

Mama