Saa ya Mkononi Wakati wa Chakula

Kwako mdogo wangu, msomi wa ukoo,

Mgongo unaniuma, ila moyo mweupe. Uliniambia unataka kuacha kuchunguza jinsi kompyuta zinavyobadili maisha ya watu, eti kazi yako haisomwi. Huku ghalani imesomwa. Zile saa za kompyuta tunazofungwa mkononi hulia ukitulia, kwa hiyo tulikuwa tukila huku tukitikisa mkono ili zidhani tunabeba mizigo. Kiongozi wa wafanyakazi alimsomea bosi kurasa zako, na bosi akakubali tuzivue wakati wa chakula.

Leo tumekula tumeketi. Mzee wa toroli bado alikuwa anatikisa mkono.

"Mzee, unampungia nani?" tukamuuliza.

"Yule dada msomi. Mwambieni asiache."

Nami nasema hivyohivyo.

Kaka yako aliyeshiba