Nimemuua Mama Ukurasa wa Arobaini na Moja

Mpendwa Bi Maxine,

Naomba unisaidie kabla ya Jumamosi, maana Jumamosi ikinikuta hivi nilivyo nimekwisha. Mimi ni mwandishi wa maisha ya watu mashuhuri hapa Burbank, kazi yenyewe ni kukaa na kinasa sauti sebuleni kwa nyota wa filamu, yeye anaongea mimi naandika, kisha jina lake linakaa kubwa juu ya jalada na langu linakaa chini, dogo la kutafutia miwani, nimefanya hivyo miaka ishirini na vitabu kumi na moja wala sijalalamika, ila mwaka juzi nikapewa Brock Vandermeer, yule mzee aliyeigiza kamanda wa polisi kwenye televisheni misimu kumi na minne, mtu mwema kabisa, lakini Bi Maxine, utoto wake haukumbuki hata kidogo. Nikimuuliza mama yako alikuwaje, anafikiri weee, kisha anasema, "Alikuwa mrefu." Na baba je? "Naye mrefu." Alikulia shule za bweni, na likizo alishinda kwenye bwawa la kuogelea na yaya, basi miezi minne ya mahojiano nikatoka na warefu wawili na bwawa.

Mhariri akanipigia anafoka, "Wendell, nani atasoma kitabu cha mtu aliyelelewa na bwawa? Niletee mateso! Niletee mama!" Nami nilikuwa nimebakiwa na siku tisa, kichwa kimekauka, nikafanya jambo ambalo hata kuliandika hapa naona haya, nikampa Brock mama yangu. Si kwa ubaya, nilimwazima tu. Mama yangu yupo Bakersfield, ana miaka themanini na mmoja, na nilipokuwa na miaka tisa alishindwa mashindano ya pai kwenye maonyesho ya kilimo, zawadi akapewa mke wa mchungaji, Mama akainua pai yake ya limau akambandika nayo mwamuzi usoni, mbele ya mji mzima na ng'ombe wote wa maonyesho. Niliandika hivyo hivyo ilivyokuwa, majina tu nikabadilisha, nikaongeza kidogo kwamba pai ilikuwa imeungua kwa sababu mama wa watu alikuwa mgonjwa, na kwa kuwa mhariri alitaka mateso, nikamuua kwa nimonia, ukurasa wa arobaini na moja, mistari sita, hakuteseka sana.

Kitabu kikapendwa. Brock alikisoma kilipokwisha kuchapwa, akanipigia analia kwa kwikwi, "Kaka, nilikuwa nimemsahau kabisa! Asante kwa kunirudishia mama yangu." Haki ya Mungu nilifungua mdomo nimwambie, aliposema hivyo nikaufunga. Sasa analia kwenye kila kipindi cha televisheni, na amejiandikisha darasa la kuoka pai za limau.

Halafu Bakersfield nzima inaijua ile pai. Msusi wa Mama alikuwa anasoma kitabu kwa sauti pale saluni, na Mama mwenyewe yuko chini ya mashine ya kukausha nywele. Jioni hiyohiyo akanipigia kutoka nyumbani.

"Wendell, nimekufa lini?"

"Mama, nisikilize kwanza..."

"Nisikilize nini, nimeshakufa! Wenzangu wa kanisani wameniletea mabakuli matatu ya makaroni ya msiba, wanacheka mpaka wanashikilia mlango. Na nani kakwambia pai yangu iliungua?"

Akakata. Hii wiki ya tano hapokei simu yangu.

Na kana kwamba hayo hayatoshi, kitabu kinafanywa filamu na skripti nimepewa mimi, ndiyo mara ya kwanza maishani jina langu litasimama peke yake kwenye kioo, Jumamosi waigizaji wote wanakaa kuizunguka meza na kuisoma mwanzo mpaka mwisho, Brock kiti cha mbele na leso zake, na mtayarishaji, Bi Feldstein, anataka filamu ifunguke kwa maneno kwamba hiki ni kisa cha kweli, tena kifo kirefushwe. "Mpenzi, mpe dakika nane," anasema, "na afe kwenye mvua." Mvua, Bi Maxine! Bakersfield, kwenye ukame ule! Nikisema ukweli nakosa filamu na Brock anakosa mama, nikinyamaza mimi ndiye namkosa wangu. Nifanye nini?

Ni mimi,
Asiyetaka Kujulikana, Burbank

*

Asiyetaka Kujulikana,

Jina umelificha chini, lakini humo ndani umeitwa Wendell mara mbili. Na wewe ndiye mwandishi.

Miaka thelathini naandika safu hii katika mji huu. Nimesoma barua za watu walioibiana waume, mbwa na madaktari wa kuchonga pua. Mtu aliyemwazimisha mama yake mzazi na kumrudisha maiti, ndiyo kwanza namwona. Pole, siku tisa ni chache na wahariri nawajua walivyo. Lakini hilo neno lako "nilimwazima tu" lifute, maana kitu cha kuazima hurudi kizima.

Tuanze na Brock. Nenda kwake Ijumaa, bila kinasa sauti, umwambie yote. Atafoka kwa ile sauti ya kamanda. Usikimbie, kaa ufokewe. Mzee wa umri ule anayemlilia mama wa mtu mwingine hadi kwenye darasa la pai ana njaa ya mama, wala humsaidii kwa kumwachia kaburi la uongo. Akimaliza kufoka, mwambie mwenye pai yuko hai, saa mbili kwa gari. Uone kama hatatafuta viatu.

Jumamosi, kabla mtu hajafungua skripti, simama mwambie Bi Feldstein kwamba maneno "kisa cha kweli" yanatoka na mama hafi. Mji huu umefufua wahusika wengi waliouawa msimu wa nne kwa sababu tu watazamaji walinuna, hilo si jambo geni kwake. Akikataa, toa jina lako uondoke. Itauma sana, najua, umelingoja miaka ishirini. Ondoka hivyohivyo.

Lakini yote hayo yanatanguliwa na safari ya kesho. Barua yako imenifikia Jumatatu, Wendell. Ya mama yako ina wiki mbili mezani kwangu. Jana nimempigia kumwomba ruhusa ya kuitaja hapa, akasema, "Itaje, na umchape."

Hakulalamikia kifo. Ameandika hivi: "Kufa nilicheka, na makaroni nimekula. Ila kijana wangu amewahoji watu kumi na moja, akawauliza mpaka soksi walizovaa siku ya kwanza ya shule. Mimi hajawahi kuniuliza hata kwa nini nilimpiga yule mwamuzi na pai. Anadhani ni kwa sababu nilishindwa."

Sababu naijua. Ameniandikia kurasa tatu, kwa mkono, nikaacha chai ikapoa. Sikwambii, na kitabu chako chote hakizifikii.

Kesho uwe Bakersfield. Simu usipige, hatapokea. Nenda saluni saa nne asubuhi, atakuwa chini ya ile mashine, hawezi kukukimbia. Beba kinasa sauti na betri mpya, lakini usikiwashe mpaka akuruhusu. Muulize hilo swali moja, kisha funga mdomo wako, mwanangu, kama unavyoufunga kwa watu wa televisheni. Bakuli la mwisho la makaroni ya msiba amekuwekea kwenye friza. Utalimaliza.

Na kabla ya pole, kabla ya shikamoo, mwambie pai haikuungua.

Bi Maxine